Mashine Iliyotaka Mfumo wa Zamani

Ilianza na harufu ya nywele zinazoungua, ikitoka kwenye kompyuta iliyozimwa.

Mdarizi alichomoa waya, akasonya. Siku ya tatu hiyo anahangaika. Mashine ya kudarizi aliyoachiwa na baba yake alipopofuka haikuelewana na kompyuta yoyote ila yenye mfumo wa zamani, na watengenezaji walishaacha kuutoa. Jana, hasira zimemjaa, aliupakua kwenye tovuti asiyoijua. Tovuti ikamtaka azime kinga ya virusi. Akazima. Ikauliza, "Unanikaribisha?" Akabonyeza ndiyo bila kusoma, kama tufanyavyo wengi.

Na sasa, mchana kweupe, bila umeme, sindano ilikuwa ikishuka na kupanda yenyewe, ikidarizi mduara ndani ya mduara.

Fundi kompyuta, rafiki yake wa shule, alikuja na diski halisi ya mfumo ule. Akanusa, akarudi nyuma.

"Shoga, uliutoa wapi huu?"

"Mtandaoni. Usinianze."

"Ulihakiki faili kwa alama za watengenezaji, kuona kama halijachezewa?"

"Ningejua hayo, ningekuita?"

Fundi akanong'ona, "Umemfungulia mlango mwenyewe. Dawa ni kufuta kila kitu, tusimike upya bila intaneti. Michoro ya mzee ina nakala?"

Haikuwa nayo. Maua ya miaka arobaini, kazi ya macho yaliyokwisha kuzimika, yalikuwa mle kompyutani tu.

Alitembea hadi kwenye pazia la chumba cha baba, na kila hatua harufu ikazidi, na sindano nyuma yake ikaongeza kasi, na alipofika akajikuta ananong'ona kama mwizi:

"Baba, nikifuta, michoro yako yote inakwenda. Nifanyeje?"

Sauti ikajibu kutoka ndani, kwa upole: "Futa, mwanangu. Nitakusimulia upya, ua kwa ua."

Akafuta huku machozi yakimtoka. Harufu ikakatika. Mfumo ukasimikwa, sindano ikatulia, fundi akashusha pumzi.

Mlango wa mbele ukafunguka. Baba aliingia akishikwa mkono na jirani, kichwa kimetoka kunyolewa.

"Foleni ya kinyozi tangu asubuhi! Haya, mwanangu, michoro yangu iko salama?"

Mdarizi alikuwa akitazama pazia la chumba cha baba likivutwa ndani, likasukumwa nje, likavutwa tena, kama kitambaa mdomoni mwa mtu anayehema.