Mchora Ndoto wa Kabondo

Mzee Abdulhamid alikutwa amekufa chali juu ya nchi aliyoichora mwenyewe. Shuka kubwa la amerikani, lililojaa mito, vilima na njia za wino wa bluu, lilikuwa limetandazwa sakafuni. Maiti ilikuwa katikati yake, kanzu imepanda hadi magotini.

Inspekta Zéphirin aliishusha ile kanzu kwanza, ndipo akachuchumaa. Viungo vyake vilialika. Alikuwa amechoka na maiti. Alikuwa amechoka hata na njia ya vumbi ya kutoka kituoni mpaka Kabondo, ambayo kila alipoipita kwa baiskeli alikuta kilio kinamngoja.

Hapakuwa na mtu Kisangani asiyemjua marehemu. Watu walipanda mitumbwi kutoka Basoko kuja kumsimulia ndoto zao, naye akazichora. Ndoto ya huyu aliiunga na ya yule kwa daraja au kijito, hata ikawa nchi moja. Ilisemekana kwamba aliyeitazama vizuri kabla ya kulala hapotei tena usingizini.

"Nani alimkuta?"

"Mimi," akajibu Zaina, binti wa marehemu, mtandio ameukaza kinywani. "Nililala kwa shangazi. Asubuhi nikarudi, nikafikiri papa iko analala."

"Aligombana na mtu?"

"Papa? Hapana, Inspekta. Hakuomba kitu kwa mutu. Walimletea samaki, walimletea wino, basi."

Shingoni palikuwa na alama mbili nyeusi za vidole gumba. Kwenye ndevu palikuwa na vumbi la kijivu. Zéphirin alilisugua kati ya vidole vyake: simenti. Kisha akaona kwamba pembe moja ya shuka ilikuwa na tundu, limekatwa kwa kisu, kingo zake safi.

"Hapa palichorwa nini?"

Zaina alisogea, akatazama, na hapo ndipo machozi yalipomtoka.

"Nyumba ya Mama Pétronille. Nyumba, na watoto wawili mlangoni. Watoto wake walizama mutoni Tshopo mwaka jana. Tangu hapo anawaota. Anakuja anasema: leo wamepanda muhogo, leo wamepata mbwa. Papa anaongeza."

"Na bwana yake?"

"Eugène. Iko anachanganya simenti kule Tshopo, wanajenga barrage ya kuziba muto."

Adhuhuri daktari alileta taarifa ya uchunguzi wa maiti: marehemu alikabwa koo, mfupa mdogo wa shingo ukavunjika, jana yake kabla jua halijazama. Komisari, Mbelgiji, aliisoma huku akikoroga kahawa.

"Wachawi wanauana wenyewe kwa wenyewe. Funga faili."

"Ndiyo, Bwana Komisari," alisema Zéphirin, akatoka kuichukua baiskeli yake.

Alimkuta Eugène nyumbani, ameketi kando ya mkeka. Juu ya mkeka Pétronille alikuwa amelala fofofo mchana ule wa jua kali, amekonda, mashavu yamebonyea. Mume alikuwa akimpungia nzi kwa kipande cha boksi.

"Leo hukwenda kazini?"

"Naumwa."

"Na jana alasiri?"

"Nilikuwa kazini."

"Nimepita kwa msimamizi wako. Anasema uliondoka kabla ya filimbi."

"Bon. Nilikuja kumutazama bibi."

"Ulipitia Kabondo?"

"Hapana."

"Simenti iliingiaje kwenye ndevu za Mzee?"

"Watu wa simenti ni wengi, Inspekta."

"Ni wengi, kweli. Ni wangapi wake zao wana nyumba kwenye lile shuka?"

Eugène aliacha kupunga. Akaingiza mkono ndani ya shati, akatoa kitambaa kilichokunjwa, akakifungua juu ya goti. Watoto wawili, mlango, mbwa mdogo.

"Nilitaka kukichoma," akasema. "Nimeshindwa."

Kituoni hakuficha neno.

"Wale watoto walikuwa wangu pia. Kila siku natia simenti kwenye maji yaliyowameza. Narudi, sufuria baridi, bibi analala. Anakunywa majani ya usingizi apate kurudi kule. Hali chakula. Haongei na mimi. Akiamka, analia kwa sababu ameamka."

"Ukaenda kwa Mzee."

"Nikamupigia magoti. Papa, futa ile nyumba. Akasema hawezi, nyumba si yake. Alors, nikamwambia, basi nichore na mimi pale mlangoni, tukae wote. Akaniuliza: umeota? Nikasema mimi siotagi, nikilala nalala tu kama jiwe. Akasema: mwanangu, usichokiota sikichori." Eugène alitazama viganja vyake vilivyochubuka. "Inspekta, wote watatu wako ndani, mimi peke yangu niko inje. Mikono ikaenda shingoni. Nilipoiacha, alikuwa amekwisha."

Zéphirin aliandika. Kalamu ilikuwa nzito kama mtarimbo. Alitamani mtu huyu angekuwa mwizi, au mlevi, amchukie kidogo.

Alipokuwa akikitia kile kitambaa kwenye bahasha ya vizibiti, askari wa mlangoni alimwita. Nje alisimama Pétronille, kitenge amekifunga vibaya, amebeba bakuli lililofunikwa kwa jani la ndizi.

"Nimeletea bwana yangu chakula."

Amri ilikuwa kwamba mshtakiwa asionane na mtu kabla ya Komisari kumhoji. Zéphirin alichukua funguo, akamwongoza mpaka kwenye nondo za mahabusu.

Eugène alisimama taratibu, kama anayeogopa kumwamsha mtu.

"Niliwatafuta watoto," Pétronille akamwambia. "Nilizunguka njia zote. Nyumba haiko. Nikaamka, na wewe hauko." Akafunua jani. Mvuke wa lituma, ndizi za kupondwa, ulipanda, na samaki juu yake. "Kula. Ingali moto."

Akamega tonge, akalipitisha kati ya nondo. Eugène alilipokea kwa mdomo, akalia huku akitafuna, naye mkewe akamega jingine.

Sheria ilimtaka Zéphirin awepo na atazame. Aliketi kwenye benchi, akageuzia uso ukutani.