Mshale Ukiwa Kwenye Mia

“Mzee, punguza.”

“Sipunguzi,” alijibu Mzee Awadh, akikanyaga baiskeli isiyokwenda popote.

Hii ilikuwa Malindi, mwaka 1986, katika chumba cha mazoezi cha hoteli ya watalii. Mzee Awadh, fundi wa mapazia ya hoteli, alikuwa na moyo mbovu. Daktari alimruhusu baiskeli, mradi mapigo yasizidi mia na kumi kwa dakika. Seif ndiye msimamizi wa chumba. Alikuwa amemposa Kaltuma, binti wa mzee, na kwa miezi mitatu hakupata jibu. Mzee hakutaka mkwe mtarajiwa amwone dhaifu.

“Mshale wa baiskeli uko kwenye mia,” alisema mzee. “Kumi bado zangu.”

“Mshale huo ni uzito unaokanyaga, mzee. Moyo hauhesabu. Nipe mkono.”

Seif alimshika kifundo cha mkono, macho kwenye saa ya ukutani. Robo dakika, mapigo thelathini na tisa.

“Mia na hamsini na sita. Naulegeza mkanda unaobana gurudumu.”

“Waniaibisha mbele ya mwanangu? Ukiugusa, posa yako imekwisha.”

Kaltuma, aliyekuwa mlangoni, alimtazama Seif. Aliwapenda wote wawili, Seif na baba yake.

Seif aliulegeza mkanda. Pedali zikawa nyepesi, mzee akaacha kukanyaga mwenyewe, uso umempauka, jasho linamtoka. Walimkalisha. Ilipita robo saa nzima kabla hajaweza kuzungumza.

“Lete mkono wako,” alimwambia Seif.

Alihesabu polepole, kama apimavyo kitambaa cha mteja mbishi.

“Thelathini na tano. Mara nne?”

“Mia na arubaini, mzee.”

“Na hukupanda baiskeli.”

“Ni hofu.”

“Ya mimi?”

“Ya kumkosa Kaltuma.”

“Na ukalegeza vilevile.”

“Ungekufa, mzee.”

Mzee aliuachia mkono. Alikuwa mtu mwenye kiburi, na kuomba radhi hakukujua.

“Mwambie babako aje Ijumaa, baada ya swala.”

Kaltuma alilia waziwazi, hakujificha. Kisha akajipangusa.

“Aje na mamako pia,” alimwambia Seif. “Baba ana jibu lake. Langu hujaniuliza hata siku moja.”

“Nakuuliza sasa.”

“Ndiyo,” alisema Kaltuma.