Kamera ya Pili

Walikutana mlangoni mwa ukumbi, saa tisa mchana, mafundi wanabeba vyuma na kupigana vikumbo. Mpiga picha alikuwa amepiga magoti, akibandika nyaya sakafuni kwa utepe. Mwanamke mwenye gauni la zambarau, viatu mkononi, akauruka mguu wake.

"Fundi, ukinibandika na mimi, nani ataimba?"

"Bora ubandikwe. Utatulia, na mimi nipate kazi rahisi."

Akacheka kwa sauti nzito iliyomshuka mpiga picha mpaka tumboni.

Lilikuwa kundi la watu sita wanaoimba bila ngoma wala gitaa, midomo mitupu. Mwanamke yule alishika sauti ya chini, na kabla ya kila wimbo ndiye aliyewanong'onezea wenzake sauti ya kuanzia, mm, kidogo tu, ukumbi usisikie. Mpiga picha aliisikia, maana alivaa hedifoni zilizounganishwa na maikrofoni zao. Mtu wa miaka arobaini na mitatu, anayeishi na kikombe kimoja na kijiko kimoja, akanong'onezewa mara kumi na nne. Akasahau kazi. Alipewa kamera ya pili, ya kuzungukia nyuso zote sita. Akaikaza kwenye uso mmoja toka mwanzo mpaka mwisho.

Wakapeana namba. Kwa wiki tano walipigiana simu kila jioni, huyu anakaanga yai, yule anapiga pasi. Mwanamke alimwita Mzee wa Nyaya. Mzee wa Nyaya akanunua kikombe cha pili.

Kisha filamu ya onyesho lile ikatoka. Mhariri alikuwa ameitupa kamera ya pili yote: uso mmoja tu, haina kipande cha kuunganisha na kingine. Na kamera ya kwanza, upande aliosimama yule mwanamke, ilizibwa na spika.

Simu ikalia.

"Mama aliita majirani. Wamekaa wakinitafuta mpaka mwisho. Kaka ananiuliza kama niliimba kweli, au nilikwenda kuwabebea wenzangu maji."

Mzee wa Nyaya angesema ukweli. Lakini kuusema kulikuwa kulisema na lile jingine, la moyoni, nalo halijampanda mdomoni. Akajibu kwamba hayo ni mambo ya mhariri.

"Kwa hiyo wewe hukuniona hata mara moja?"

Mzee wa Nyaya akageuza yai kikaangoni. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Simu ikakatwa, na haikulia tena kwa miezi mitatu. Alikaanga yai akisikiliza mafuta tu. Kikombe cha pili kikashika vumbi.

Jumapili moja alinakili picha zote za kamera ya pili, akapanda ngazi za nyumba ya yule mwanamke, aliyowahi kuelekezwa. Mlango akafungua mama yake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Wewe ndiye yule asiyeona?"

Hata hivyo akamkaribisha, wakaziwasha picha kwenye televisheni. Mwanamke akatoka jikoni, povu la sabuni mikononi, akasimama hapo hapo. Wimbo baada ya wimbo, uso wake peke yake.

"Mwanangu, wenzako wako wapi?" mama akauliza.

"Walikuwepo, mama," alisema Mzee wa Nyaya. "Ni mimi sikuwaona."

Mama akainuka, akaaga kwamba anakwenda kwa jirani kuomba chumvi. Chumvi ilikuwa mezani.

"Miezi mitatu," mwanamke alisema. "Si ungesema tu?"

"Sijui pa kuanzia."

Mwanamke akafuta mikono kwenye kanga, akamsogelea, akamnong'onezea sikioni, mm, kidogo tu.

Mzee wa Nyaya akavuta pumzi, akaanza: "Nina vikombe viwili."