Neno Lililoachwa Wazi

Kasuku alikuwa amefunga mdomo, lakini sauti yake iliendelea kuingia kwenye kompyuta.

Mumewe ndiye aliyeona kwanza. Mtu akinyamaza, mstari wa sauti kwenye kioo cha kompyuta hulala, unanyooka. Siku hiyo haukulala. Ulitetemeka kidogo kidogo, na kwenye spika za masikioni mwake akasikia mtu anavuta hewa kwa meno, taratibu, ilhali ng'ambo ya dirisha la studio mkewe alikuwa anajifuta jasho shingoni, midomo imebanwa.

"Umesema kitu?"

Kasuku akatikisa kichwa.

"Basi kuna waya umelegea," alisema mume, akaingia chini ya meza kuutafuta. Mafundi ndivyo walivyo. Hata nyumba ikiungua, wataanza kukagua waya.

Kazi yao ilikuwa kuzitia tamthilia za kigeni sauti za Kiswahili. Mke aliitwa Kasuku kwa sababu hapakuwa na sauti iliyomshinda: bibi kizee, mtoto mwenye mafua, hata mbuzi aliyekwama kwenye ua. Mume aliitwa Mkasi. Yeye alikaa upande wa pili wa kioo cha studio akikata pumzi, vikohozi na matumbo yanayonguruma, ili mtazamaji asikie maneno matupu. Walipendana kupitia kioo hicho hicho, yeye akimsikiliza, mwenzake akiongea bila kituo. Mpaka siku hiyo walikuwa hivyo, na Mkasi hakutaka maisha mengine.

Tamthilia mpya ilikuwa ya falme za kubuni na mazimwi yake. Ndani yake alikuwemo Malkia wa Nyoka, na maneno ya malkia huyo hayakuruhusiwa kutafsiriwa. Ilibidi yasemwe kwa lugha yake mwenyewe, lugha iliyotungwa na msomi mmoja kuanzia sarufi mpaka matusi, naye alikuwa amerekodi masomo ya kuwafundisha waigizaji. Kasuku aliyavamia masomo hayo kwa pupa. Alifoka kwa meno akiosha vyombo, akioga, akipanda ngazi. Mama yake mzazi, aliyekuwa akiishi nao, alichungulia jikoni akamuuliza, "Mwanangu, unamfukuza paka au unamwita?"

Swali la utani, lakini lilipiga mahali penyewe. Katika lugha ile, amri ya kufukuza ilifungwa kwa meno. Vaksh, maana yake toka. Ukiliacha neno wazi, ukaliongezea irabu, vakshi, maana inageuka kuwa ingia. Msomi alilirudia hilo mpaka akachosha. Sasa mwambie mtu wa Kiswahili alimalize neno bila irabu! Sisi ndio tuliolivisha shati irabu yake, na benki, na baiskeli. Kasuku alihangaika, akajing'ata ulimi, mwishowe akaweza.

Kilichoharibu ni mdomo wa Malkia. Katika tukio la kumfukuza pepo pangoni, nyoka kwenye picha alibaki ametanua mdomo hata baada ya neno kwisha. Bosi wao, mwanamama asiyependa kupoteza muda, akabonyeza kitufe cha kuongea.

"Nyoka bado yuko wazi, wewe umeshamaliza. Ongeza i hapo mwishoni."

"Bosi, maana itageuka."

"Itageuka kwa nani? Una ndugu nyoka wewe?"

Wakacheka wote, na Mkasi akacheka kuliko wote. Asubuhi nzima Kasuku akasimama mbele ya maiki kwenye kile chumba kisicho na dirisha la nje, akapiga kelele vakshi, vakshi, vakshi, mpaka mdomo wake ukalingana na wa nyoka. Ni baada ya hapo ndipo mstari ulipokataa kulala, na chumba kikaanza kunuka jiwe bichi na nyama mbichi.

Wa kwanza kuumia alikuwa mama.

Mchana huo walikuwa mezani nyumbani. Kasuku alichukua yai la kuchemsha akalimeza na ganda lake, kisha la pili, kidevu kimeshuka chini kuliko kidevu cha mtu kinavyoweza kushuka. Mama akamshika mkono. "We mtoto, utajipalia!" Kasuku aliudaka mkono wa mama yake kwa mikono miwili akaukamua kama anakamua nguo, mfupa ukalia kwa sauti ambayo Mkasi, aliyezisikia sauti nyingi maishani, hakuwahi kuisikia. Mama akaanguka na kiti. Kasuku akatazama mikono yake, kisha akapiga ukelele.

"Mama! Mama yangu, nani amekuumiza?"

Baadaye chumbani alimvuta mumewe karibu, akanong'ona.

"Mkasi, kuna mtu humu."

"Humu wapi?"

"Mdomoni. Nikinyamaza ndiyo anapata nafasi. Usiniache ninyamaze, mume wangu. Niongeleshe."

Mkasi akamwongelesha. Akamuuliza habari za shangazi zake, za walimu wake, za kila gauni alilowahi kushona, na yeye akajibu, akaimba, akahesabu vigae vya ukutani, akasema ovyo ovyo, sauti ikakwaruza, ikapungua, ikawa pumzi tu. Mkasi aliogopa kuliko alivyowahi kuogopa, maana aliona wazi kwamba siku mke wake atakapoishiwa maneno, hatakuwa na mke tena.

Maneno yakaisha alasiri, jua bado limejaa dirishani. Kasuku alinyamaza katikati ya jina la dada yake, na kabla Mkasi hajamtikisa, kitu kilimnyanyua kwa koo kikambamiza kwenye kabati, mlango wa kabati ukapasuka, vioo vikamwagikia mgongoni, na miguu ya mkewe ikamzunguka kiunoni na kubana, ikaachia kidogo alipotoa pumzi na kubana zaidi, mpaka ubavu mmoja ukakatika ndani yake na damu ikampanda kinywani. Uso wa mkewe ulikuwa karibu na wake. Macho hayakupepesa.

"Hatukuw na lugh," ilisema ile sauti. Ilijua Kiswahili, ila kila neno ililifunga kwa meno. "Tulikuw tunasubir. Yul mtungaj akatutungi, na huy akanikaribish."

Mama, mkono umefungwa kwenye bendeji, ndiye aliyeleta mganga. Walikuwa wameshamfunga Kasuku kitandani kwa mikanda na mapazia, pale alipomwachia Mkasi akalala kama nyoka aliyeshiba. Mganga aliingia na begi la ngozi, moshi wake na majivuno yake, akamsikiliza Mkasi huku akikunja mikono ya shati.

"Mlimwita?"

"Hatukumwita. Tulikosea neno."

"Ndiko kumwita huko. Huyu hatoki kwa maneno yangu, hayajui. Atatoka kwa neno lile lile alilosikia. Lifungeni tu."

Angeishia hapo ingekuwa heri, lakini alitaka kuonyesha kazi. Akaweka kiganja kwenye paji la uso la mgonjwa. Kichwa kikageuka upesi kuliko jicho, meno yakafunga, na vidole viwili vya mganga vikakatika kwenye kiungo na kumezwa bila kutafunwa. Mikanda ikachanika. Kasuku alimshika mganga kwa masikio akampiga uso kwenye mwimo wa mlango, tena na tena, pua ikalala shavuni, taya likaning'inia, naye akatambaa mpaka ngazini akiacha viatu, begi na meno.

"Lifunge, baba!" mama alilia kutoka ukumbini. "Si amesema ulifunge!"

Mkasi akasimama wima, ubavu ukimchoma, akapaza sauti. "Vakshi!"

Ulimi wake ulimsaliti. Akarudia, akauma meno, i ikaponyoka tena. Kila alipokosea, mwili wa mkewe, uliokuwa umejikunja tena kitandani, ulizidi uzito, miguu ya kitanda ikavunjika, sakafu ikalia, na ile sauti ikamjibu kwa adabu kabisa, "Karib. Karib."

Ndipo akakumbuka kazi yake. Hakuwa mtu wa kusema, alikuwa mtu wa kukata. Alimvuta mama jikoni, akafunga mlango kwa komeo, akafungua kompyuta yake ndogo juu ya meza na kuitafuta rekodi ya ile asubuhi, aliyokuja nayo nyumbani.

Mama aliegemeza bega lake zima kwenye mlango. Pigo la kwanza likautoa mlango vumbi, la pili likaupasua ubao wa kati, na Mkasi akaukuza mstari wa sauti mpaka neno likajaa kioo chote, akauona mkia wa i, mwembamba, ukining'inia, na vidole vyake vyenye damu vikateleza akakata pasipostahili, akafuta, akaanza tena, huku mkono ukipenya kwenye ufa na kuzikamata nywele za mama, ukamvuta kichwa chake na kukigonga kwenye ubao, ukamvuta na kumgonga, na katikati ya mapigo ikaja sauti ya mkewe mwenyewe, ile ile aliyoipenda kupitia kioo, ikikwaruza na kulia, "Mkasi wangu, fanya haraka, nachoka, fanya haraka." Akakata. Akafungua spika mpaka mwisho.

VAKSH.

Mkono ukalegea. Kitu kikapita jikoni, chepesi, kikamgusa Mkasi shavuni, na kwa nukta moja akasikia harufu ya mafuta ya nywele ya mkewe. Kisha mlango wa mbele, ule wa kutokea nje, ukafunguka wenyewe na kujifunga kwa kishindo.

"Imetoka!" Mama alikuwa sakafuni, damu inamtiririka usoni, anacheka na kulia. "Mwanangu amepona, imetoka!"

Mkasi aling'oa mbao zilizobaki akamkuta Kasuku amelala kwenye vipande vya mlango, kucha zimeng'oka, midomo imechanika. Alikuwa anapumua. Mkasi akapiga magoti akamkumbatia, akalia bila haya. Akamwambia kwamba kuanzia leo ataongea mpaka achoke, aongee usiku na mchana, hakuna mtu atakayemkata neno. Mikono ya mkewe ikampanda mgongoni polepole na kumkumbatia.

"Asant," alisema.

Mkasi alidhani ni midomo, imevimba, haiwezi kumaliza neno. Alitaka sana iwe ni midomo.

Nje kukagongwa hodi. Ilikuwa hodi ya woga, ya mtu asiye na uhakika kama ana mkono wa kugongea.

"Mkasi?" Sauti haikuwa na mikwaruzo. Kila irabu ilikuwa mahali pake. "Mume wangu, nimejikuta huku nje. Sijioni. Nifungulie, ni mimi."

Mama akaacha kucheka. Akamtazama mkwewe, kisha akautazama mlango.

Ile sauti waliyoipiga ilisema toka. Haikusema nani. Katika kinywa kile walikuwemo wawili, na aliyejifunza lugha vizuri, akajing'ata ulimi mpaka akaielewa, ndiye aliyetii.

"Mama, mfungulie," Mkasi alisema, akajaribu kusimama. Hakuweza. Miguu ilikuwa imeshamzunguka kiunoni. Alitoa pumzi, ikabana.

"Usimfunguli," kile kitu kilimnong'oneza sikioni. "Usimfunguli, mum wang."