Mkono Haukugusa Ukuta

Kila asubuhi, kabla wageni wa hoteli hawajaamka, Kasyoka alimsaidia baba yake kuopoa majani kwenye bwawa la kuogelea. Hoteli hiyo ilikuwa kando ya barabara kuu ya Mombasa, mwendo mfupi kutoka Kambu, na baba huyo, Mzee Nzioka, alikuwa amelitunza bwawa hilo kwa miaka tisa. Kazi ikiisha, meneja alimruhusu msichana aogelee nusu saa. Kisha Kasyoka alivaa sare, akakimbilia shuleni huku nywele zikimchuruzika maji.

“Sisi tunapanga foleni kisimani kwa debe moja,” rafiki yake Syombua alimtania, “na wewe unalala juu ya maji!”

Ni kweli, alilala juu ya maji. Mwalimu Tima wa shuleni kwao, mwenyeji wa Kitui mjini aliyejifunza kuogelea kwa wajomba zake wa pwani, ndiye aliyemfundisha kuogelea chali. Kwa kuwa muogeleaji wa chali haoni anakokwenda, alimzoeza kuhesabu mapigo ya mikono. “Mkono uguse ukuta kwanza, ukiwa bado chali,” alimwambia kila siku. “Ndipo ugeuke. Usipogusa, unaondolewa mbioni.”

Mwaka wa 1984, Kasyoka akiwa darasa la saba, alichaguliwa kuiwakilisha Kenya katika mashindano ya nchi saba yaliyofanyika Nairobi. Mbio zake zilikuwa za wanawake, mita mia moja chali: kwenda mara moja na kurudi mara moja. Alikuwa na miaka kumi na minne, mdogo kuliko wote. Kwenye njia iliyopakana na yake alikuwa dada mrefu kutoka Zambia.

Filimbi ilipolia, Kasyoka alijirusha nyuma. Aliona mbingu tu, na maji yakimrukia usoni. Bendera za kuonyesha kwamba ukuta u karibu zilipita juu yake, akaanza kuhesabu. Pigo la mwisho alinyoosha mkono, akashika maji matupu. Angengoja kidogo tu angeufikia ukuta. Hakungoja. Alijikunja, akageuka, akausukuma ukuta kwa miguu. Mwamuzi wa upande ule alikuwa ameinama akitazama njia nyingine.

Alimaliza wa tatu. Yule dada wa Zambia alimaliza wa nne, nyuma yake kwa urefu wa kiganja.

Mwalimu Tima alimkumbatia akilia kwa furaha. Kasyoka alisimama kama mti. Walipomvika nishani ya shaba shingoni, hakusikia hata uzito wake. Jioni, kwenye bweni walikolala waogeleaji, yule dada alikuja kumpa mkono.

“Umeogelea vizuri, mdogo wangu,” alisema. “Mimi hizi zilikuwa mbio zangu za mwisho. Wiki ijayo naanza kazi ya uuguzi. Nilitamani kumpelekea mama yangu nishani, lakini basi.”

“Asante,” Kasyoka alijibu. Neno lilitoka peke yake, kana kwamba limesemwa na mtu mwingine.

Kambu ilimpokea kwa vigelegele. Kanisani waliomba, wakamshukuru Mungu kwa ajili yake. Mzee Nzioka aliwaonyesha wageni wa hoteli nishani hiyo, mmoja baada ya mwingine. Kasyoka alikula bila kuonja na kuitikia bila kusikiliza. Alipoingia bwawani asubuhi, hakujua kama maji yalikuwa baridi au moto. Mama yake alimpima homa kwa kiganja, akaona hana.

Jumatatu, mwalimu mkuu, Bwana Kiilu, alimwita mbele ya shule nzima, nishani ikiwa shingoni. “Waeleze wenzako,” alisema, “jinsi bidii inavyoleta ushindi.”

Kasyoka alitazama nyuso mia tatu zilizomngoja.

“Sikugusa ukuta,” alisema.

“Sema kwa sauti, watu wasikie.”

“Nilipogeuka sikugusa ukuta kwa mkono. Mwamuzi hakuniona. Nishani hii ni ya yule dada wa Zambia.”

Mtu mmoja alicheka, akanyamaza. Mwalimu Tima alitoka kwenye mstari wa walimu, akamshika Kasyoka mkono, akampeleka ofisini. Huko ndiko msichana alikoanza kulia. Alilia mpaka kola ya sare ikalowa.

“Umenikasirikia, mwalimu?”

“Nimeumia,” Mwalimu Tima alisema. “Lakini kaa hapa. Tutaandika barua pamoja.”

Kumweleza baba kulikuwa kugumu zaidi. Mzee Nzioka alisikiliza hadi mwisho, wavu ukiwa bado mkononi.

“Aiya, Kasyoka! Na mimi nimewaambia wageni wote hawa?”

“Nisamehe, baba.”

Aliuegemeza wavu ukutani. “Basi kesho wakiniuliza, nitawaambia na hili pia,” alisema. “Nenda ukale, mwanangu.”

Kasyoka na Mwalimu Tima walituma barua na nishani kwa chama cha kuogelea. Majibu yalichukua majuma matano. Chama kilisema kwamba muda wa kukata rufani ulikuwa umepita, kwa hiyo matokeo yangebaki yalivyoandikwa. Lakini nishani ilikuwa imepelekwa Zambia, na aliyeipokea alituma salamu na kusema kwamba mama yake ameitundika sebuleni.

“Kwa hiyo kwenye kitabu bado mimi ni wa tatu?” Kasyoka aliuliza.

“Bado,” Mwalimu Tima alisema. “Kitabu kimeandika alichoona mwamuzi. Wewe umesema kile ambacho hakuna aliyekiona, na hiyo ni kazi ngumu kuliko mita mia. Nakuomba ukumbuke jambo moja. Ushindi wa udanganyifu hauwezi kukufurahisha, hata dunia nzima ikipiga makofi, kwa sababu wewe mwenyewe unajua. Ukikosea, sema mapema. Usingoje mpaka moyo ufe ganzi.”

“Ndiyo, mwalimu.”

“Haya. Leo jioni tunafanya mazoezi ya kugeuka. Mara hamsini.”

Kasyoka alitabasamu. Alipoingia majini jioni ile alipiga kelele, kwa maana yalikuwa baridi kama barafu.