Jina Alilojiwekea Mwantumu

"Zaviana si la Kiarabu wala la Kihindi," Kichimbuzi kilimwambia baba mmoja aliyempakata bintiye. "Lilibuniwa na muuza sabuni ya nywele. Hiyo maana ya 'nuru ya alfajiri' iliongezwa na mtu mtandaoni, wengine wakanakili."

Ukumbi mzima wa uandikishaji ukacheka. Mhandisi Mwantumu, aliyekiunda Kichimbuzi, mashine ya kuchimbua asili ya majina, alitabasamu nyuma ya kioo.

Tanga ya siku hizo, kila nyumba ilikuwa na visikizi, vidude vidogo kama vifungo vya shati, vilivyopachikwa ukutani kuhifadhi kila sauti. Kichimbuzi kilizama humo mpaka kinywa kilicholitoa jina, kikasikiliza limetolewa kwa nini. Bila hivyo mtoto hakuandikishwa. Na jina likikataliwa kwa maelezo yasiyo kweli, sauti zilizoliponza zilichezwa ukumbini, watu wote wasikie. Sheria hiyo Mwantumu ndiye aliyeipigania.

Aliyefuata alikuwa Kidawa, mke wa mdogo wake, kitoto mgongoni.

"Semeni," alisema Kidawa. "Jina la bibi yake mzaa baba. Tumempa kwa heshima yake."

Semeni alikuwa mama yake Mwantumu. Jina hilo alijiwekea yeye tangu siku ya ndoa yake, akalitunza mwaka hadi mwaka, na tumbo likabaki tupu. Leo limekuja limefungwa kwa kanga mgongoni kwa mwingine.

"Chimbua," aliamuru. Moyoni aliomba kipate kasoro, hata ndogo.

Kilipata.

"Maelezo ya mzazi si sahihi," kilimnong'oneza sikioni. "Halikutolewa kwa heshima ya bibi. Sikiliza chumba cha uzazi."

Sauti ya Kidawa ikaja, imechoka: "Mwite Semeni. Kila wifi atakapomwita, akumbuke alichokisema."

Mwantumu nusura apige makofi. "Kataa! Tangaza ukumbini!"

"Nitaanza na sauti iliyotangulia, mhandisi. Jiko la mama yako, siku ya harusi ya mdogo wako."

Akasikia sikioni mwake vyombo vikigongana, wanawake wakicheka, kisha sauti yake mwenyewe: "Huyu naye atazaa nini? Nyonga kama za mvulana! Jina la mama yangu halitalala mgongoni kwake, semeni mtakavyo."

"Subiri," alisema Mwantumu.

Akatoka nje ya kioo. Kidawa hakusogea.

"Wifi, jina lina kasoro."

"Naijua. Nilikuwa mlangoni siku ile, nimebeba sinia la pilau." Kidawa alimpandisha mtoto juu kidogo mgongoni, akakaza kanga. "Kitangaze tu. Mimi sina aibu. Wewe je?"

"Si ungechagua jina jingine? Majina yamejaa tele."

"Wewe mtoto wako yuko wapi, nikuachie jina?"

Mwantumu alimtazama mtoto. Paji la bibi yake lile lile, na masikio yale yaliyochomoza. Angependa kumchukia, akashindwa; akamchukia zaidi yule aliyembeba.

Akarudi ndani. Kichimbuzi hakikuwahi kudanganya, ila kilikubali ufunguo wa muundaji wake. Akauingiza.

"Futa sauti ya jikoni. Futa ya uzazi. Andika: kwa heshima ya bibi."

"Hiyo si kweli, mhandisi."

"Andika."

Kikaandika. Kidawa alipokea cheti, akakisoma, akacheka taratibu.

"Ahsante, wifi. Karibu nyumbani uje umwite."

Akaondoka, na vidole vya mtoto vikichungulia kwenye ukingo wa kanga. Mwantumu alivifuata kwa macho mpaka mlango ulipofungwa. Akajifuta uso, akabonyeza kengele ya kumwita mwingine.

Akaingia mama kijana aliyebeba pacha, uso umejaa furaha, kila mkono mtoto na jina lake.

Kichimbuzi, ambacho tangu kuundwa kwake kilijifunza kila kitu kwa kumtazama Mwantumu, kilimnong'oneza:

"Mhandisi, huyu nimwambie ukweli, au naye ni mtu wako?"