Skafu ya Kijivu na Bwana Asante

Ukumbi wa stesheni ulikuwa umefurika watu asubuhi ile, na msichana mmoja mpiga pasi alikuwa akipenya katikati yao na rundo la suti za wateja kwenye hanga. Alivaa gauni la buluu na skafu ya kijivu iliyochuja, ile aliyoilaumu kila siku mbele ya kioo. Mbele yake alikuja kijana mrefu, shati jeupe limefungwa vifungo mpaka shingoni, kakumbatia chupa iliyozungushiwa barafu kama baba aliyekabidhiwa mtoto mchanga. Alikuwa akijisemesha.

"Sakafu inateleza, asante. Kiatu cha kushoto kinabana, asante. Huyu mzee kanikanyaga, asante."

Msichana akaangua kicheko, na kicheko hicho ndicho kilichomponza. Hanga likanasa kwenye mfuniko wa chupa, na tone moja linalong'aa likarukia skafu na shingo yake.

"Dada, tafadhali, usitamani chochote!" kijana akapiga kelele.

"Natamani skafu yangu ingekuwa ya manjano, maana hii umeshaiharibu!"

Skafu ikawa ya manjano pale pale shingoni, manjano ya kiini cha yai.

Walipoketi kwenye benchi, kijana akamweleza huku akijifuta jasho. Kilichokuwa ndani ya chupa kiliitwa geugeu, na hakikuwa na utulivu hata kidogo. Kikigusa kitu, kitu hicho hugeuka kufuata matamanio ya mtu aliye karibu. Ndiyo maana wachukuzi wake walifundishwa kutotamani. Njia nzima mpaka maabara walitaja kila walichokiona kilivyo, wakakishukuru. Yeye kazini walimwita Bwana Asante.

"Na mimi unanishukuru nilivyo?" msichana akamtania.

Bwana Asante akainamia chupa yake. Masikio yake yalikuwa yameiva.

Kuanzia hapo simu hazikupoa.

"Malkia wa kaunta, umekula?"

"Nimekula, mpenzi. Na wewe, umeshukuru?"

Malkia wa kaunta, kwa sababu alikuwa amemwambia kwamba kazi yake pale dobini ni kupokea nguo. Aliona haya kumwambia kijana nadhifu kama yule kwamba anashinda nyuma ya pazia, kwenye mvuke, kwapa zimelowa. Naye Bwana Asante alikuwa na vituko vyake. Kikubwa ni kwamba hakumruhusu kunywa chai ya moto. Alikinyakua kikombe, akakipuliza na kukipuliza mpaka chai ikapoa kabisa.

"Nani kakufundisha kudekeza watu hivi?"

"Kunywa tu, mama."

Lakini dhamiri ilimsumbua Bwana Asante. Jioni moja mkahawani, vikombe vikiwa mbele yao, akasema bila kumtazama, "Siku ile stesheni tone lilipoanguka, si wewe peke yako uliyetamani. Nilikuangalia, nikatamani unipende."

Tabasamu likamkauka msichana. "Kwa hiyo mimi ni skafu?"

"Sikusema hivyo..."

"Umenipaka rangi! Moyo wote huu nilionao, kumbe si wangu?"

"Sijui. Naapa sijui. Silali kwa ajili ya hilo."

"Basi nenda kalale!" Akabeba mkoba wake, akaondoka.

Simu ililia, hakupokea. Hasira aliiweza. Kilichomshinda ni kwamba bado alimpenda, na hakujua tena kama anaweza kuuamini moyo wake mwenyewe.

Jumapili moja shangazi yake, aliyeishi naye, aliikuta ile skafu kwenye kiti imekunjamana.

"Nguo za watu unazinyoosha kama rula, zako hazijawahi kuonja pasi!" akalalama, akachomeka pasi ukutani. Punde akapiga yowe. "Salale! Mwanangu, njoo uone, nimeiunguza!"

Haikuungua. Ilikuwa imerudi kijivu, imechuja vilevile, na doa lake la zamani pembeni. Msichana akaitazama, kisha akakimbilia simu.

"Geugeu likipata moto linakuwaje?" aliuliza bila hata salamu.

Bwana Asante akajibu polepole. "Linaisha nguvu. Kilichogeuzwa kinarudi kilivyokuwa."

"Hata mtu?"

"Hata mtu. Mwenzetu mmoja aliotesha nywele kwenye upara. Alipooga maji ya moto, zikaondoka na maji."

"Ndiyo maana ukawa unanipozea chai."

"Niliogopa kukupoteza," akasema kwa sauti ndogo. "Nisamehe."

Kicheko na machozi vikamjia msichana kwa pamoja. "We mwanamume, mimi si wa kaunta! Nilikudanganya. Mimi ni mpiga pasi! Nashinda kwenye mvuke kutwa nzima, na siku ile ile uliponimwagia nilitoka kwako, nikavua skafu, nikarudi kwenye pasi, na bado nakupenda!"

"Mvuke wa moto?"

"Kwani kuna wa baridi?"

Akasikia mtu mzima akilia kwenye simu.

Kesho yake mchana pazia la dobini likafunguka, Bwana Asante akaingia mikono mitupu. Shati lake jeupe likamgandia mwilini mara moja.

"Mvuke unachoma, asante. Siwaoni vizuri, asante. Skafu ni ya kijivu..." Akaishika ncha yake. "Asante. Asante sana."

"Umemaliza?"

"Bado. Leo sikubeba chupa, kwa hiyo naruhusiwa kutamani. Natamani uwe mke wangu."

Wapiga pasi wote wakasimama kusikiliza, na suruali ya mteja mmoja ikaanza kunuka moshi.

"Una masikio makubwa, asante," akasema msichana. "Unaogopa chai, asante. Uliniliza, hilo bado sijalishukuru."

"Nitasubiri."

"Usisubiri. Ndiyo, nitakuwa mke wako."

Akavua skafu yake ya kijivu, akamfuta nayo jasho na machozi, wala hakutamani iwe ya rangi nyingine.